Wenye studio, kovu la mzee msilifute

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi nimjibu msomaji aliyeandika humu wiki mbili zilizopita akilalamika kwamba sisi wenye studio tunawanyang'anya wachoraji riziki. Alisema tunachukua picha ya simu, tunabonyeza kitufe kimoja, inatoka kama iliyochorwa kwa rangi ya mafuta, tunaitia fremu na kuiuza kwa bei ya mchoro wa mkono. Barua yake nimeisoma mara tatu. Kuhusu hicho kitufe kimoja amekosea. Kuhusu udanganyifu wa bei amesema kweli, nami niliye ndani ya kazi hii najua kuna baya kuliko hilo ambalo hakulitaja.

Nina miaka 46. Studio yangu ni chumba kimoja upande wa Likoni, mwendo mfupi kutoka kivukoni. Kazi nimeirithi kwa baba. Miaka ya 1990 alikuwa mmoja wa wapiga picha waliojipanga kando ya njia ya feri na vibanda vyao vya mbao na mapazia yaliyochorwa. Waliovuka feri siku zile watakumbuka mapazia hayo: meli kubwa, ndege inayopaa, ghorofa, maua, minazi. Mteja anasimama mbele ya pazia, anapigwa picha, anaituma kwao bara ili wajue amefika Mombasa. Baba hakujua kuchora. Alikuwa akimlipa kijana mmoja mchoraji, na pazia likichakaa kwa jua na chumvi kijana anaitwa tena. Kazi yangu mimi ilikuwa kukimbilia pazia mvua ikianza.

Nayataja haya kwa sababu msomaji wenu aliandika kana kwamba picha na mchoro vimekutana jana, kompyuta ilipokuja. Hapa pwani vimekaa nyumba moja siku nyingi. Kule Lamu, mpiga picha Omar Said Bakor alikuwa akikata picha kwa mkasi na kuziunganisha upya zikawa kitu kingine kabisa. Wakati wa picha nyeusi na nyeupe kulikuwa na mafundi waliopaka rangi midomo, mashavu na nguo kwa brashi nyembamba, juu ya picha yenyewe. Baba aliniachia kisanduku cha rangi hizo. Nyingine zimekauka lakini ninacho mpaka leo. Katika hayo yote hakuna aliyedanganywa. Aliyesimama mbele ya meli ya pazia alijua hajapanda meli, na nduguze waliopokea picha walijua vilevile, na wote wakaifurahia.

Sasa niseme la kwangu.

Mwezi mmoja kabla ya Ramadhani iliyopita aliingia studioni mama mmoja mtu mzima, umri wa bibi yangu, amefuatana na mwanawe wa kiume. Mkononi alikuwa na picha kubwa imefungwa kwa leso, na ndani ya pochi alikuwa na paspoti, yaani picha ndogo ya kitambulisho, ya zamani, nyeusi na nyeupe, pembe moja imeliwa na mende. Ile kubwa ilikuwa imechapishwa kwenye kitambaa cha kanvasi na kutiwa fremu ya rangi ya dhahabu. Duka moja la mjini lilikuwa limeitengeneza kutoka kwenye paspoti. Wajukuu ndio waliochanga pesa, wakitaka kumfurahisha bibi yao kwa kumpa babu yao ukutani.

"Mwanangu, niambie huyu ni nani," aliniuliza baada ya kuifungua leso.

Nikatazama kubwa, nikatazama ndogo. Nikamjibu, "Si mzee huyu wa kwenye paspoti, mama?"

"Ndivyo walivyoniambia. Lakini mimi nimeishi na mume wangu miaka arobaini na mmoja, na huyu simjui."

Marehemu alikuwa baharia wa majahazi. Ujanani foromali, ule mti unaoshika tanga, ilimpiga usoni, ikamwachia kovu lililoikata nyusi ya kushoto vipande viwili. Kwenye paspoti kovu hilo laonekana, jembamba kama uzi. Kwenye picha kubwa nyusi ilikuwa imeungana. Ngozi imelainika kama ya kijana wa miaka ishirini, tena imepauka. Kofia yake, ambayo mke mwenyewe ndiye aliyemshonea kwa mkono, kila tundu na kila ua, ilikuwa imegeuka kitu cheupe kitupu kama bakuli lililofunikwa kichwani. "Wameniletea mwanamume mgeni chumbani mwangu," alisema. Hakuwa akitania. Aliigeuza ile picha, akaiegemeza ukutani kwangu uso ukitazama ukuta, na hakutaka kuondoka nayo.

Nataka wasomaji waelewe kovu lile lilikwenda wapi, maana wengi wanaotumia filta hizi, yaani vitufe vya kompyuta vya kuigeuza picha ifanane na mchoro, hawajui zinavyofanya kazi, na miongoni mwao wamo tunaowatoza watu pesa kwa ajili yake.

Picha ndani ya kompyuta ni nukta nyingi ndogo, pikseli, kila moja na rangi yake. Iko programu ya bure ya kurekebisha picha iitwayo GIMP. Waliianzisha wanafunzi wawili wa Chuo Kikuu cha California kule Berkeley, Spencer Kimball na Peter Mattis, na watu wakaanza kuipata mwaka 1996. Mimi ndiyo niliyojifunzia. Ndani yake mna filta iitwayo Oilify, ya kuifanya picha ifanane na rangi ya mafuta. Filta hiyo hupita nukta kwa nukta. Kila nukta inayoifikia, hutazama majirani walioizunguka kwa umbali unaoupanga wewe, ikahesabu ni kiwango gani cha mwanga au giza kilicho na wafuasi wengi, kisha nukta ile ikavishwa rangi ya hao wengi. Ni kura inayopigwa mamilioni ya mara. Ndiyo maana mashavu, anga na kuta hugeuka mabaka mapana yenye kutulia, kama mtu aliyepaka kwa brashi pana. Lakini kovu lenye upana wa pikseli tatu, lililozungukwa na ngozi kila upande, hushindwa kura kila linapopigiwa. Linafutika lote, mwanzo mpaka mwisho, na hakuna mtu aliyelifuta kwa mkono wake.

Wachache wengine hushindwa vivyo hivyo: mvi tatu nne za kidevuni, kipini cha puani, mistari ya hina, matundu ya kofia. Maandishi ya leso ndiyo huangamia mbele kabisa. Nimeona picha ya nyanya mmoja aliyejifunga leso iliyoandikwa "Wema hauozi", na baada ya filta yakabaki mawimbi meusi yasiyosema neno. Mtu wa pwani hahitaji kuelezwa maana ya leso iliyonyang'anywa jina lake. Mwanamke huichagua leso kwa jina, na pengine alichagua ile siku ile kwa sababu alikuwa na mtu wa kumwambia.

Kuna filta nyingine ninayoipenda zaidi, yenye jina la Mjapani Michiyoshi Kuwahara. Yeye na wenzake mwaka 1976 hawakuwa wakifikiria sanaa hata kidogo. Walikuwa wakisafisha picha za kitabibu za moyo. Njia yao huizunguka kila nukta kwa miraba minne, ikachagua mraba uliotulia zaidi, ambao rangi zake hazitofautiani sana, na kuchukua wastani wake. Matokeo ni mazuri mno: ukingo wa pua, wa kanzu au wa tanga la jahazi hubaki mkali, na katikati hulainika kama rangi iliyokunjuliwa kwa brashi bapa. Ila nayo hulimeza kovu jembamba. Daktari aliyetaka kuona umbo la moyo alifurahi vichembe vikiondoka. Mjane alikuwa akikitafuta hicho kichembe.

Kwa Photoshop, programu ya kulipia ya kurekebisha picha ambayo imekuwa sokoni tangu 1990, filta yake ya rangi ya mafuta ina vidhibiti vya kusogeza kushoto na kulia: urefu wa michirizi, ukubwa wa brashi, alama za nywele za brashi, upande mwanga unakotoka. Kila ukisogeza kidhibiti kuelekea mwisho, picha huzidi kufanana na mchoro na mtu aliyemo huzidi kupotea. Vijana wengi wa madukani husogeza hadi mwisho kabisa, kwa kuwa mteja akiona michirizi minene hushangilia na kulipa haraka. Siwalaumu vijana. Hakuna aliyekaa nao kuwaonyesha, na mwenye duka anataka kumi kwa siku.

Nilimwomba yule mama aniachie paspoti yake, na nikamwandikia karatasi kwamba ninayo, maana ndiyo picha pekee ya mumewe aliyobaki nayo. Nikaiskani kwa nukta 1,200 kwa inchi. Paspoti ina milimita 35 kwa 45, kwa hiyo nilipata takriban pikseli 1,650 kwa 2,125. Ningeiskani kwa 600, ambayo ndiyo mazoea ya wengi, ningepata nusu ya hizo kila upande. Ukichapisha hizo 1,650 kwenye upana wa karatasi ya A3 unapata kama nukta 140 kwa inchi. Kwa picha ya kawaida ni chache, ungeona ukungu. Kwa picha ya mtindo wa rangi ya mafuta zinatosha, kwa sababu macho hayaendi kutafuta vinyweleo ndani ya mchirizi wa brashi. Hii ndiyo faida kubwa ya kazi hii, na naiona kuwa neema kwa familia ambazo wazee wao walipigwa picha mara moja tu maishani, siku ya kutafuta kitambulisho.

Kabla ya filta yoyote nilisafisha. Mikwaruzo, madoa ya unyevu na chembechembe za karatasi nisipoziondoa, filta huzidhani kuwa sehemu ya mtu na kuzichora kwa bidii. Hapa niwaombe wateja wa studio zote: msitume picha kwa WhatsApp kama mnavyotumiana picha za kawaida. Huko hubanwa ipungue uzito, na JPEG, aina ya faili ambayo picha nyingi za simu huhifadhiwa, ikibanwa sana huonyesha vijiraba vya pikseli nane kwa nane. Filta hukamata kingo za vijiraba hivyo na kuzigeuza kuwa viraka usoni kwa mtu. Ukituma kama dokumenti picha hufika ilivyo. Ukileta karatasi yenyewe, bora zaidi.

Kisha nikatengeneza leya tatu, yaani tabaka tatu zinazopangwa moja juu ya nyingine, za picha ile ile. Ya ukutani nyuma nikaitia filta kwa nguvu, michirizi mipana. Ya kanzu nikaitia ya wastani. Ya uso nikaitia ndogo kabisa, kiasi cha kuifanya ngozi ionekane imepakwa na si zaidi. Juu ya zote nikaweka picha halisi iliyosafishwa, nikaifunika yote kwa maski nyeusi isionekane, halafu kwa brashi nyeupe yenye nguvu ya asilimia 30 nikaanza kuirudisha polepole pale penye mtu mwenyewe: mboni za macho, mikunjo ya pembeni mwa mdomo, ile nyusi iliyokatika, na kovu. Kovu nililipitia mara tano sita. Kofia filta haikuweza chochote, kwa hiyo nikaishona upya kwa kalamu ya kibao cha kuchorea, tundu baada ya tundu, nikifuata zilizoonekana kwenye paspoti. Jioni nne zilikwisha. Msomaji wenu aliyesema kitufe kimoja naomba alipokee hilo.

Ikabaki rangi, maana paspoti haina rangi. Programu zipo za kukisia rangi ya ngozi, na zinakisia vibaya. Lile duka bila shaka ndivyo lilivyofanya, na ndiyo sababu mzee akapauka. Nilimpigia simu mama, akaja. Akamshika mwanawe mkono, akaupandisha mkono wa shati, akauweka mbele ya kompyuta yangu. "Rangi yake ni hii. Ndugu yake mwingine amenifuata mimi, lakini huyu ni baba mtupu." Basi nikachukua rangi kwenye mkono wa mwana kumpaka baba. Midomo nikaambiwa niitie weusi zaidi, alikuwa mvutaji. Kanzu nikaambiwa haikuwa nyeupe, ilikuwa ya kahawia hafifu. Mambo hayo hakuna programu inayoyajua, yako kwa mjane, na gharama ya kuyapata ni kumwita aketi na kumuuliza.

Kwa nini basi tusimwite? Studio nyingi hupokea picha, hutoa picha, hazimwonyeshi mteja kitu mpaka imekwisha kuchapishwa na kutiwa fremu. Hapo mteja maskini ameshalipa nusu, fundi ameshapoteza kitambaa, kila mmoja anaona haya kumwambia mwenzake. Nawaomba wenzangu tuwaonyeshe wateja kwenye kompyuta kabla ya kuchapisha, tena aje yule aliyemjua marehemu, asije kijana aliyetumwa tu.

Lipo na jambo la dini, nalo lahitaji kusemwa kwa heshima. Wateja wangu wengi ni Waislamu. Wapo wasioona ubaya wa picha ya kamera lakini hawataki uso uliochorwa ndani ya nyumba. Sasa hii ninayotengeneza ni ipi? Kamera ndiyo iliyomwona mtu, lakini kofia nimeichora kwa mkono wangu, na mwonekano wake wote ni wa mchoro. Mimi si mwanachuoni na fatwa si yangu kutoa. Langu ni kumweleza mteja nilichofanya ili akaulize anakoamini. Wengine wakisharudi huniambia niwafanyie nyumba ya babu, au jahazi lake, na uso ubaki picha safi kwenye albamu. Mteja ambaye hakuelezwa amenyimwa nafasi ya kuamua jambo la imani yake, na hilo ni kosa letu.

Nirudi kwa wachoraji. Kwenye maduka ya vitu vya watalii nimeziona picha za kanvasi zilizopitishwa filta kisha zikapakwa jeli ya uwazi juu, kwa brashi, ili mnunuzi akipitisha kidole ahisi michirizi. Anaambiwa imechorwa kwa mkono. Mchoraji aliye jirani na duka hilo amekaa wiki mbili juu ya kazi moja, mafuta ya rangi yamempanda kichwani, na bei yake inaonekana ghali kwa sababu ya uongo wa jirani. Hapo msomaji wenu yuko sahihi kabisa, na hasira yake ni yangu. Anayetaka kujua achukue kioo cha kukuzia, hata kile cha kusomea, atazame mahali penye rangi hafifu kama shavu au mawingu. Kitambaa kilichochapishwa kitamwonyesha vinukta vidogo vya wino, buluu, waridi, njano na nyeusi, vimetawanyika. Rangi ya mkono haina vinukta hivyo. Ina rangi iliyochanganywa. Atazame pia kama mchirizi wa jeli unafuata umbo la kitu kilichochorwa chini yake. Mara nyingi jeli inakwenda mashariki na pua inakwenda magharibi.

Wakati huohuo si kweli kwamba kompyuta na mchoraji ni maadui. Mchoraji mmoja wa Mji wa Kale huja kwangu na picha ya mteja wake. Naipunguza mpaka ibaki na viwango vitano tu vya mwanga na giza, ananunua karatasi hiyo kwa bei ya chai, na anakwenda nayo kuchora. Anasema inamwonyesha uso umekaa wapi kabla hajagusa rangi. Naye mtu akija kwangu akitaka mchoro wa kweli namwelekeza kwake. Picha ya A3 yenye fremu natoza shilingi 4,500. Yeye hutoza mara kadhaa ya hizo, na anastahili.

Hili la mwisho ni jipya na linanitia wasiwasi kuliko filta zote. Mwaka 2015 watafiti wa Tübingen, Ujerumani, Leon Gatys, Alexander Ecker na Matthias Bethge, walionyesha namna kompyuta inavyoweza kuchukua mtindo wa mchoro mmoja, kwa mfano wa Vincent van Gogh, na kuuvisha juu ya picha nyingine. Mwaka uliofuata programu ya simu iitwayo Prisma ikaufikisha mchezo huo kwa kila mtu. Hata hapo uso ulibaki wa mwenyewe, umevaa nguo za mwingine. Programu za akili unde (AI) za sasa zinafanya jambo jingine. Unaipa picha, inakurudishia mchoro, lakini uso umeubuni yenyewe kutokana na nyuso nyingi ilizokwisha kuziona. Filta hupunguza: kovu hupotea. Hizi huongeza: meno ambayo mzee hakuwa nayo, pua nyembamba isiyo ya kwao, macho ya mtu wa mbali. Anayempenda marehemu hushtuka asijue kilichomshtua ni nini. Watoto waliozaliwa baada yake hawashtuki. Kwao huyo ndiye babu, na paspoti ikishaliwa yote na mende, hakutakuwa na cha kuwasahihisha.

Kwa hiyo kila ninayemtengenezea picha ya namna hii humpa na nakala ya kawaida, iliyosafishwa tu bila filta, ndogo, pamoja na ile ya karatasi aliyoniletea. Kwa miaka mitatu sasa risiti zangu zina mstari mmoja chini: "Picha ya kamera iliyogeuzwa kwa kompyuta na kuchapishwa. Haikuchorwa kwa mkono." Sijapoteza mteja hata mmoja kwa ajili ya mstari huo. Nawaomba wenye studio wote, wa mjini, wa Likoni, wa Malindi na kwingineko, waandike wa kwao. Wino wake hauna gharama.

Yule mama alikuja kuichukua picha siku ya Alhamisi alasiri. Hakusema kitu kwa muda. Aliinua kidole, akaipitisha ncha yake juu ya nyusi ya kushoto, pale ilipokatika, akarudia tena. Kisha akamwambia mwanawe atafute msumari.

Msomaji aliyeandika ile barua namkaribisha. Studio iko upande wa Likoni, ukishuka feri uliza fundi picha mwanamke, utaelekezwa. Aje na picha ya mtu anayemjua vizuri, aketi nami jioni moja, aone mwenyewe pale filta inapofaa na pale inapobidi izuiwe. Na picha hiyo ailete ya karatasi, asinitumie kwa WhatsApp.

Fundi picha,
Likoni, Mombasa